Segway katika Njia za Mawe za Prague: Somo juu ya Msawazo

Mji wa Prague, mji mkuu wa Jamhuri ya Cheki, umekaa kandokando ya mto Vltava, na sehemu kubwa ya uzuri wake imo katika mawe. Daraja la Charles, ambalo Mfalme Charles wa Nne aliamuru lianze kujengwa mwaka 1357, ni la mawe matupu: lina matao 16, urefu wa mita 516 hivi, na upana usiofika mita 10. Barabara zitokazo darajani kuelekea Uwanja wa Mji Mkongwe zimetandikwa mawe. Hata vijia vya waendao kwa miguu vimepambwa kwa vijiwe vya pembe nne, vyeupe na vyeusi, vilivyopangwa kimoja kimoja kwa mkono wa fundi. Mwaka 1992 shirika la UNESCO liliuingiza mji huo wa kale katika orodha ya Urithi wa Dunia.

Katika miaka iliyotangulia 2016, mgeni aliyesimama darajani hapo hakukosa kuona msafara wa kustaajabisha. Watu wanane au kumi wenye kofia ngumu vichwani walipita kwa safu, mmoja nyuma ya mwingine, wamesimama wima kama askari wa gwaride, wala miguu yao haikusogea. Kila mmoja alisimama juu ya ubao mdogo uliokuwa baina ya magurudumu mawili. Magurudumu hayo hayakufuatana kama ya baiskeli. Yalikuwa sambamba, moja kulia na moja kushoto. Mbele yao alitangulia kiongozi, akisimama hapa na pale kueleza habari za kasri na makanisa. Chombo hicho kiliitwa Segway. Kilibuniwa na Dean Kamen wa Marekani, na kilionyeshwa hadharani mara ya kwanza tarehe 3 Desemba 1991 na miaka kumi juu yake, yaani mwaka 2001.

Jambo la kwanza ambalo mwanafunzi wa fizikia angeliuliza ni hili: kwa nini mtu yule haanguki? Meza ina miguu minne, kigoda kina mitatu, na vyote husimama kwa sababu kitovu cha uzito kiko juu ya eneo lililozungukwa na miguu. Segway haina eneo la namna hiyo. Magurudumu yake mawili yanagusa ardhi katika mstari mmoja tu, na mstari huo hauna upana wa kumzuia mtu asianguke kifudifudi au chali. Kikiwa kimezimwa, chombo hakiwezi kusimama chenyewe. Hulala kama baiskeli isiyo na stendi.

Ufagio juu ya kiganja

Jibu linaweza kupatikana darasani bila gharama. Mwanafunzi achukue ufagio wenye mpini mrefu, ausimamishe wima juu ya kiganja, kisha ajitahidi usianguke. Atagundua mara moja kwamba mkono hauwezi kutulia. Ufagio ukiinama mbele, mkono hukimbilia mbele. Ukiinama kushoto, mkono huufuata kushoto. Kazi ya mkono ni kuipeleka ncha ya chini mahali ambapo ncha ya juu inataka kuangukia. Wanafizikia huuita mpango huu pendulumu iliyopinduliwa.

Kisha ajaribu jambo hilo hilo kwa kalamu ya risasi. Hataweza, na kutoweza kwake si uzembe. Fimbo iliyo sawasawa kote, yenye urefu L, inapoanza kuanguka, mwinamo wake huongezeka takriban mara 2.7 katika kila kipindi cha muda t, ambapo

t = √(2L/3g)

na g ni mchapuko utokanao na mvutano wa dunia, yaani mita 9.8 kwa sekunde kwa sekunde. Fimbo ya mita 1.5 ina t ya sekunde 0.32. Kalamu ya sentimita 18 ina t ya sekunde 0.11. Sasa jicho la mwanadamu likiona jambo, huchukua takriban sekunde 0.2 kabla mkono haujaitika. Kwa ufagio nafasi ipo. Kwa kalamu jicho limekwisha kuchelewa kabla ya kuanza. Kwa hiyo kitu kirefu ni rahisi zaidi kusawazisha kuliko kifupi, jambo ambalo wengi hulitarajia kinyume.

Mtu aliyesimama juu ya Segway ni ufagio, na magurudumu ni kiganja. Kitovu chake cha uzito kiko kadiri ya mita moja juu ya ubao, kwa hiyo kipindi chake cha kuanguka hakiko mbali na theluthi moja ya sekunde. Vifaa vya kupimia vilivyofichwa chini ya ubao huutazama mwinamo mara 100 hivi katika kila sekunde. Maana yake ni kwamba kabla mwinamo mdogo haujawa mkubwa, kompyuta ya chombo imekwisha kuupima mara 30 au zaidi na kuziamuru mota mbili za umeme, moja kwa kila gurudumu, zisogeze magurudumu hadi chini ya mtu.

Kuinama ndiko kuendesha

Mgeni aliyekodi chombo hicho kwanza alifundishwa uani, kando ya njia. Hapo ndipo mshangao wake ulipoanza, kwa maana hakuona breki wala kichapuzi. Aliambiwa aegemee mbele kidogo, na chombo kikaenda. Aegemee nyuma, kikasimama. Usukani, katika vyombo vilivyotengenezwa tangu mwaka 2006, ulikuwa wima na uliinamishwa kulia au kushoto ili gurudumu moja liende kasi kuliko jingine. Chombo kiliweza hata kujizungusha pale pale kiliposimama, gurudumu moja likienda mbele na la pili likirudi nyuma.

Uhusiano baina ya mwinamo na mwendo unaweza kukokotolewa. Ardhi humsukuma mtu kwenda juu kwa kani iliyo sawa na uzito wake, mg. Wakati huo huo, kwa njia ya msuguano wa magurudumu, humsukuma mbele kwa kani ma. Ili mtu asipinduke, jumla ya kani hizo mbili haina budi kupita katika kitovu chake cha uzito. Mstari utokao chini ya magurudumu hadi kitovu hicho ukiwa umeinama kwa pembe θ, basi

a = g tan θ

Tungamo la mtu limejifuta lenyewe katika hesabu, kwa hiyo mnene na mwembamba wakiinama sawa huchapuka sawa. Kwa mwinamo wa nyuzi 5, a ni mita 0.86 kwa sekunde kwa sekunde, na mtu atafikia kilometa 10 kwa saa baada ya sekunde 3.2. Ni mwendo wa upole, lakini ni nyuzi 5 tu, mwinamo ambao mtazamaji wa mbali huenda asiutambue.

Wanafunzi wengi, na hata vitabu kadhaa vya wasafiri, husema kwamba mwendo wa kasi hutaka mwinamo mkubwa muda wote. Sivyo. Kanuni iliyo hapo juu inahusu mchapuko, si kasi. Mtu akiisha kufikia kasi anayoitaka na kuidumisha katika njia tambarare, a ni sifuri, na θ nayo karibu ni sifuri. Hubaki mwinamo mdogo tu wa kushindana na upepo na ukinzani wa magurudumu.

Si kazi ya pia

Kosa lililoenea zaidi ni lile la kudhani kwamba Segway husimamishwa na pia izungukayo ndani yake. Kosa hilo lina asili inayoeleweka. Mfaransa Léon Foucault alitengeneza jairoskopu mwaka 1852: gurudumu zito lizungukalo kwa kasi, ambalo mhimili wake hukataa kugeuzwa. Basi watu waliposikia kwamba Segway ina jairoskopu tano, walidhani ya kuwa hizo ndizo zinazokishikilia chombo kisianguke.

Jairoskopu za Segway hazizunguki hata kidogo, wala hazina nguvu ya kumzuia hata panya. Kila moja ni pete ndogo ya silikoni inayotetemeshwa kwa umeme. Chombo kinapoinama, pete huzungushwa pamoja nacho, na mtetemo wake huhama kidogo kutoka mahali pake. Sababu ya kuhama huko ni athari iliyoelezwa na Mfaransa mwingine, Coriolis, mwaka 1835. Ndiyo hiyo hiyo izungushayo pepo za vimbunga baharini. Kwa kupima kuhama huko, chombo hujua kinainama kwa kasi gani. Jairoskopu hizi ni macho tu. Misuli ni mota. Betri zikiisha, macho yote matano hayatamsaidia mpandaji.

Mbali na hizo, kuna vipimo viwili vya mwinamo vyenye majimaji yapitishayo umeme, ambavyo hufanya kazi kama pima maji ya mwashi. Kwa nini aina mbili za vipimo? Swali hili ndilo linaloufanya mji wa Prague uwe mahali pafaapo pa kulisomea somo hili, maana jibu lake lilianza kutafutwa katika mji huo huo kabla ya umeme kuwaka majumbani.

Mabingwa wa kizunguzungu

Katika bustani ya Karlovo náměstí kuna sanamu ya Jan Evangelista Purkyně. Akiwa tabibu kijana, yapata mwaka 1820, Purkyně alichunguza kizunguzungu kimpatacho mtu aliyezungushwa kisha akasimamishwa ghafla. Aligundua kwamba upande ambao dunia huonekana kuzungukia hutegemea namna kichwa kilivyoshikwa wakati wa kuzungushwa. Mtu akikiinamisha kichwa chake baadaye, mzunguko wa uongo nao huinama pamoja nacho. Kwa hiyo chombo kinachohisi mzunguko kimo kichwani, si tumboni wala machoni.

Miaka mingi baadaye, kuanzia 1867 hadi 1895, profesa wa fizikia mjini Prague alikuwa Ernst Mach, yule ambaye jina lake hutumiwa leo kupimia mwendo wa ndege zipitazo sauti. Mach alipokuwa akisafiri kwa garimoshi aliona jambo ambalo maelfu wameliona na kulipuuza. Garimoshi lilipokata kona, nyumba na miti nje ya dirisha ilionekana imeinama. Ukweli ni kwamba miti ilisimama wima, na mabehewa ndiyo yaliyolala upande. Lakini mwili wa Mach ulikuwa umeshawishika kwamba behewa liko wima.

Tuseme garimoshi lakata kona yenye nusu kipenyo cha mita 400 kwa kasi ya mita 20 kwa sekunde. Mchapuko wa kuelekea katikati ya kona ni v²/r, yaani 400 kugawanya kwa 400, ambao ni mita 1 kwa sekunde kwa sekunde. Mchapuko huo na mvutano wa dunia, vikijumlishwa, huwa kani moja iliyoinama kwa pembe ambayo tanjenti yake ni 1/9.8, karibu nyuzi 6. Abiria huhisi kuwa huko ndiko chini, na timazi iliyoning'inizwa ndani ya behewa nayo ingeelekea huko huko. Maji katika bilauri yangeinama vivyo hivyo.

Mach alitengeneza kiti cha kuzungushwa ndani ya fremu, akajifunga humo, akafanya majaribio, na mwaka 1875 alichapisha kitabu juu ya hisia za mwendo. Yeye, pamoja na Josef Breuer wa Vienna na Alexander Crum Brown wa Edinburgh, kila mmoja kwa njia yake, walifikia shauri moja: mifereji mitatu ya nusu duara iliyomo ndani ya sikio, ambayo imekaa kwa pembe mraba mmoja kwa mwingine, ndiyo inayohisi kugeuka kwa kichwa. Majimaji yaliyomo huchelewa kidogo kichwa kinapogeuka, nayo husukuma utando wenye vinyweleo, na habari hupelekwa ubongoni. Mtu akizungushwa kwa muda mrefu majimaji hushika mwendo ule ule wa kichwa, na hisia hufa. Akisimama, majimaji huendelea. Hapo huja kizunguzungu, ambacho kila mtoto aliyewahi kujizungusha uwanjani hadi akaanguka anakifahamu.

Sikio lina pia viungo vingine viwili vyenye vijiwe vidogo mno vya chokaa, ambavyo huhisi upande wa chini. Hivi hupumbazwa na mchapuko, kama Mach alivyopumbazwa garimoshini. Mifereji haipumbazwi na mchapuko, lakini husahau. Ubongo huchukua ushahidi wa pande zote mbili, ukauongezea ule wa macho, kisha ukaamua.

Segway imejengwa kwa hekima hiyo hiyo. Kipimo chenye majimaji hujua chini ni wapi, lakini chombo kinapochapuka majimaji hukimbilia nyuma na kudanganya, sawa na maji katika bilauri ya garimoshi. Jairoskopu hazidanganyiki kwa mchapuko, lakini zina kosa dogo ambalo hujilimbikiza dakika baada ya dakika, hata mwisho zingeona wima mahali pasipo wima. Basi kompyuta husikiliza jairoskopu kwa mambo ya sasa hivi, na hukisikiliza kipimo cha majimaji kwa mambo ya muda mrefu, ili kimoja kisahihishe kosa la kingine.

Inafaa kukumbukwa kwamba mwaka 1911 Albert Einstein alihamia Prague kufundisha, akakaa hadi 1912. Mwaka huo huo wa 1911 aliandika hapo makala juu ya athari za mvutano wa dunia katika mwanga, na msingi wa makala hayo ulikuwa ni kwamba mtu aliyefungiwa chumbani hana jaribio litakalomwezesha kutofautisha mvutano na mchapuko. Bilauri ya maji ndani ya behewa na nadharia kuu ya uhusianifu ni ndugu wa karibu kuliko vitabu vya shule vinavyoonyesha.

Ili kusimama, sharti kwanza kukimbia

Sasa twafika kwenye jambo la hatari. Mpandaji anayekwenda kwa kasi apunguzeje mwendo? Kanuni ni ile ile, a = g tan θ, ila sasa a ni hasi, kwa hiyo hana budi kuinama nyuma. Lakini mtu aliyesimama wima hawezi kuwa ameinama nyuma mpaka magurudumu yawe mbele ya kitovu chake cha uzito. Na magurudumu hayawezi kuwa mbele mpaka yaende kasi zaidi kuliko yeye, japo kwa muda mfupi. Basi kila kusimama kwa Segway huanza kwa kuongeza mwendo wa magurudumu. Mwenye ufagio kiganjani anaweza kulithibitisha hilo: akiwa anatembea nao kisha ataka kusimama, mkono wake huruka mbele kwanza.

Kutokana na hayo, chombo cha namna hii hakiruhusiwi kamwe kutumia nguvu zake zote. Sharti kibakize akiba ya kukimbilia mbele. Segway ilizuiwa isipite kilometa 20 hivi kwa saa. Ilipokaribia kasi hiyo, ubao wake wenyewe uliinua ncha ya mbele na kumsukuma mpandaji nyuma, ili asitake zaidi. Wapandaji wenye kiburi walioendelea kuegemea mbele walikuwa wakiila akiba ya usalama wao wenyewe.

Mwezi Septemba mwaka 2003 vyombo vyote vilivyokuwa vimekwisha kuuzwa, vipatavyo 6,000, viliitwa virudi kurekebishwa. Ilikuwa imegunduliwa kwamba betri zilipokaribia kuisha, na mpandaji akachapua ghafla au akagonga kizuizi, mota zilikosa umeme wa kutosha kuyapeleka magurudumu chini yake, naye akaanguka. Hakukuwa na kasoro katika chuma wala katika gurudumu. Marekebisho yalifanywa katika programu ya kompyuta, ili chombo kimwonye mpandaji mapema na kukataa kuendelea akiba inapopungua.

Kwa sababu inayokaribiana na hiyo, mtu mwenye uzito chini ya kilo 45 hakuruhusiwa kupanda. Chombo chenyewe kilikuwa na kilo 48 hivi. Mtoto mwepesi akiteremka mlima na kuegemea nyuma, huenda uzito wake usitoshe kukiinamisha chombo ipasavyo.

Mawe na vilima

Njia za mawe zina hesabu yake. Gurudumu lenye nusu kipenyo R likipita juu ya ufa wenye upana w, huzama kwa kina cha w²/8R hivi. Gurudumu la Segway lina R ya sentimita 24. Katika ufa wa sentimita 4 litazama milimita 0.8. Gurudumu dogo la R ya sentimita 10, kama yale ya skuta za umeme za siku hizi, litazama milimita 2 katika ufa huo huo, na likipita juu ya vijiwe vya sentimita 6 kwa kilometa 10 kwa saa litatikiswa mara 46 kwa sekunde. Meno ya mpandaji yatathibitisha jibu. Waliozipanda Segway darajani waliona raha kuliko wenye skuta, na sababu ni huo ukubwa wa gurudumu pamoja na upepo uliomo ndani ya tairi.

Kuhusu vilima, mambo ni mepesi. Mtu wa kilo 70 na chombo, jumla kilo 118, wakipandishwa mita 100 hutaka nishati ya jouli 115,640. Pasi ya umeme ya wati 1,000 hutumia kiasi hicho kabla dakika mbili hazijatimia. Katika kuteremka, mota hugeuka kuwa jenereta na kurudisha sehemu ya nishati hiyo katika betri. Mji wenyewe ulikuwa umezoea hila za namna hiyo: reli ya kilima cha Petřín, iliyofunguliwa mwaka 1891, hapo awali haikuwa na injini. Behewa la juu lilijazwa maji, likateremka kwa uzito wake, na kwa kamba likalivuta la chini. Umeme ulikuja mwaka 1932.

Upana wa daraja

Wenyeji wa mji hawakuichukia fizikia ya Segway. Walichoka kupishana nayo. Ubaoni hakuna kelele, na mzee atembeaye mbele hasikii kitu kikija nyuma yake. Mtu wa kilo 70 akitembea kwa kilometa 5 kwa saa ana nishati ya mwendo ya jouli 68 tu. Mtu huyo huyo juu ya Segway kwa kilometa 20 kwa saa, pamoja na chombo, ana jouli 1,820 hivi. Ni mara 27. Akihitaji sekunde moja ya kutanabahi, atakuwa amekwisha kwenda mita 5.6, na akipunguza mwendo kwa mita 2 kwa sekunde kwa sekunde, mwinamo wa nyuma wa nyuzi zaidi ya 11 ambao mgeni wa saa moja hathubutu kuufanya, atahitaji mita 7.7 nyingine. Jumla ni mita 13, na daraja lote halina upana wa mita 10.

Waendeshaji wa misafara walikuwa na jibu lao, nalo halikuwa la kipuuzi: viongozi wao hawakwenda kwa kasi hiyo penye watu. Kwa kilometa 10 kwa saa hesabu hiyo hushuka hadi mita 5. Tena wapo wageni ambao magoti yao hayawezi vilima, na ambao kwa chombo hicho waliweza kuuona mji mzima kwa nusu siku. Lakini mita 5 nazo ni nyingi penye umati, na msafara wa watu wanane walioachana mita 3 ni ukuta utembeao wa zaidi ya mita 20. Mwaka 2016 halmashauri ya jiji ilipiga marufuku Segway katika eneo la kihistoria la katikati ya mji. Miaka minne baadaye, mwezi Julai 2020, utengenezaji wa chombo chenyewe ulikomeshwa. Kanuni yake haikukomeshwa: vyombo vya gurudumu moja hutumia hesabu ile ile, na roketi inayopaa juu ya moto wake mwenyewe ni ufagio juu ya kiganja.

Ng'ambo ya mto, juu ya kilima cha Letná, pana kitu ambacho kila msafara wa namna hii hupenda kukitazama. Mwaka 1955 ilisimamishwa hapo sanamu kubwa mno ya Stalin, nayo ikavunjwa mwaka 1962. Mahali pake, tangu 1991, pana mkono mrefu wa chuma unaopepea polepole kulia na kushoto juu ya mji. Ni mfano wa metronomu, kile kifaa cha wanamuziki cha kupimia mapigo. Metronomu ndogo ya mezani nayo inaonekana kama pendulumu iliyopinduliwa: mkono uko juu, egemeo liko chini. Hata hivyo haina kompyuta wala jairoskopu, na haianguki. Mwanafunzi akiifungua kasha lake atakuta, chini ya egemeo, uzito wa pili uliofichwa. Basi achukue fimbo, aitoboe karibu na ncha ya chini na kuipitisha msumari, kisha afunge jiwe chini ya msumari na kipande cha udongo wa mfinyanzi juu yake. Audogeze udongo juu hatua kwa hatua, akipima kila mara muda wa mapigo kumi, na achore grafu ya muda huo dhidi ya umbali wa udongo kutoka kwenye msumari, hadi afike mahali ambapo fimbo hairudi tena.